Namna ya Kuunda Ushirikiano wa Kikanda Baina ya Mataifa Madogo ya Visiwa

Mwongozo huu umekusudiwa maofisa wa wizara, wanasheria wa serikali, wanadiplomasia wanaoanza kazi na wanafunzi ambao siku moja watatakiwa kuandaa, au kufufua, chombo cha ushirikiano kati ya nchi ndogo za visiwa. Shida inayowakusanya ni ya zamani. Nchi kama Tuvalu au Nauru ina wakazi wapatao elfu kumi na kidogo, lakini inatakiwa iwe na wizara ya fedha, mwanasheria mkuu, forodha, mkaguzi wa hesabu, mtaalamu wa hali ya hewa na balozi katika Umoja wa Mataifa, sawasawa na nchi yenye watu milioni hamsini. Gharama ya kuwa dola haipungui kwa sababu raia ni wachache. Wakati huohuo, mali yao kubwa imetandaa mbali na macho yao: Kiribati ina nchi kavu ya kilomita za mraba zipatazo 811 tu, ilhali bahari iliyo chini ya mamlaka yake inazidi kilomita za mraba milioni 3.

Husemwa kwamba umoja ni nguvu, na hakuna anayebisha. Tatizo ni kwamba methali hiyo haielezi nani atalipa mshahara wa katibu mkuu, nani atapata makao makuu, na mgawo wa kila mmoja utapimwa kwa kipimo gani. Rai inayoongoza mwongozo huu ni kwamba ushirikiano wa visiwa hudumu pale unapoanza na kazi moja ambayo kila nchi imeishindwa peke yake, kanuni ya kugawana ikaandikwa mapema, na ofisi ikajengwa baada ya hapo. Bendera na wimbo vinaweza kungoja.

Anzeni kwa kusoma kilichovunjika

Kabla ya kuandika neno lolote la rasimu, waandaaji wakae na historia ya Shirikisho la West Indies. Lilizinduliwa mwaka 1958 likiwa na visiwa kumi vilivyokuwa chini ya Uingereza, makao yake yakiwa Port of Spain, Trinidad, na waziri mkuu wake akiwa Grantley Adams wa Barbados. Lilikuwa na bunge, gavana mkuu na matumaini mengi, ila halikuwa na fedha zake lenyewe, kwa kuwa katika miaka mitano ya mwanzo serikali ya shirikisho haikuruhusiwa kutoza kodi na ilitegemea michango ya visiwa wanachama. Visiwa viwili vikubwa, Jamaika na Trinidad, vilikuwa na wasiwasi unaokinzana: kimoja kiliogopa kodi na forodha za shirikisho, kingine kiliogopa wimbi la wahamiaji kutoka visiwa vidogo. Septemba 1961 Wajamaika walipiga kura ya maoni na kuamua kujitoa. Eric Williams, kiongozi wa Trinidad, akasema kwamba moja likitolewa katika kumi hubaki sifuri, naye akaiondoa nchi yake. Tarehe 31 Mei 1962 shirikisho likavunjwa.

Kinachostahili kuangaliwa zaidi, na ambacho mara nyingi husahauliwa, ni yale yaliyonusurika au kuchipua baada ya hapo. Chuo Kikuu cha West Indies, kilichoanza mwaka 1948 kule Mona, Jamaika, kiliendelea kuhudumia visiwa vyote. Visiwa vidogo vya mashariki ya Karibi vilipata mahakama ya juu ya pamoja mwaka 1967, na mwaka 1983 vikaanzisha benki kuu moja yenye makao yake Basseterre, Saint Kitts na Nevis, ambayo hutoa sarafu moja, dola ya Mashariki ya Karibi, inayotumiwa na nchi na maeneo manane. Dola hiyo imefungwa kwa kiwango cha 2.70 kwa dola moja ya Marekani tangu mwaka 1976. Kwa maneno mengine, watu walewale waliokataa kuwa na serikali moja walikubali kuwa na sarafu moja, hakimu mmoja na mhadhiri mmoja. Walikataa kukabidhi madaraka yasiyo na umbo, wakakubali huduma ambayo mwananchi anaiona.

Chagueni jambo, halafu chagueni chombo

Kikao cha kwanza kisiwe cha marais. Kiwe cha wakuu wa idara, na kila mmoja aje na orodha ya kazi ambazo idara yake inazifanya kwa gharama kubwa mno au haizifanyi kabisa. Kila jambo kwenye orodha hiyo lipitishwe katika maswali matatu. Je, nchi moja ikijaribu peke yake inashindwa, au inapata shida tu? Je, kila mwanachama anayeongezeka anawafaidi waliotangulia, au anawapunguzia? Je, faida yenyewe inaweza kuhesabiwa kwa fedha au kwa siku, ili waziri wa fedha akiulizwa bungeni awe na tarakimu ya kusoma?

Ununuzi wa dawa hupita maswali yote matatu bila taabu. Kisiwa chenye watu laki moja kikitangaza zabuni ya dawa za sukari au za shinikizo la damu, kiwanda hakioni sababu ya kukipunguzia bei. Wakitangaza zabuni moja watu laki sita, hali hubadilika. Jumuiya ya Nchi za Mashariki ya Karibi, iliyoundwa kwa Mkataba wa Basseterre wa tarehe 18 Juni 1981, imekuwa ikinunua dawa kwa pamoja tangu mwaka 1986, na malipo yakipitia benki kuu yao ya pamoja muuzaji hana sababu ya kuhofia deni la serikali moja moja. Elimu ya juu nayo hupita: Chuo Kikuu cha Pasifiki ya Kusini, kilichofunguliwa mwaka 1968, kinamilikiwa na nchi na maeneo kumi na mawili, na hakuna hata moja kati ya yaliyo madogo kabisa ambayo ingeweza kuendesha kitivo cha sheria peke yake.

Yako mambo yanayovutia machoni ambayo ni vizuri yakaahirishwa. La kwanza ni soko huru. Waandaaji wengi huliweka mbele kwa sababu ndivyo jumuiya za bara zilivyoanza, lakini visiwa vingi huuza bidhaa zilezile, yaani samaki, nazi, sukari, na fukwe kwa watalii, na wanunuzi wao wako mbali. Biashara baina yao wenyewe ni ndogo, na ushuru wa forodha ndio unaolisha hazina zao. Ukiwaambia waufute siku ya kwanza, umewaomba watoe fedha halisi kwa ajili ya faida ya kubuni. Nchi zinazoweza kufikia huko zifike kwa hatua, kama Karibi ilivyofanya kutoka eneo huru la biashara la miaka ya 1960 hadi Mkataba wa Chaguaramas wa tarehe 4 Julai 1973, na kutoka hapo hadi mkataba uliorekebishwa wa mwaka 2001.

La pili ni shirika la ndege. Mwaka 1971 shirika la Fiji lilibadilishwa jina kuwa Air Pacific kwa nia ya kuwa la kanda nzima, na serikali kadhaa zikawa na hisa. Haikupita muda mrefu kila nchi ikataka ndege yenye rangi zake mkiani, na shirika likabaki kuwa la Fiji kwa vitendo. Mwaka 2013 hata jina likarudi kuwa Fiji Airways. Ndege ni kitu cha fahari, na kitu cha fahari ni kigumu kukimiliki kwa ubia.

Amueni nani anaketi ndani

Swali hili linaonekana rahisi mpaka jirani tajiri anapoomba kiti. Mwaka 1947 madola sita yaliyokuwa na makoloni au maeneo ya udhamini katika Pasifiki yaliunda Tume ya Pasifiki ya Kusini, ambamo mambo ya siasa hayakuruhusiwa kujadiliwa. Viongozi wa visiwa vilivyokuwa vimepata uhuru, wakiwa wamechoshwa na ukimya kuhusu majaribio ya nyuklia ya Ufaransa, waliunda jukwaa lao wenyewe, ambalo leo huitwa Jukwaa la Visiwa vya Pasifiki, huko Wellington mnamo Agosti 1971. Hata hivyo waliingiza Australia na Nyuzilandi tangu mwanzo, na matokeo yake ni mchanganyiko: fedha za kuendesha ofisi zilipatikana, lakini masuala fulani huwa mazito kuyasema. Katika mkutano wa jukwaa hilo wa mwaka 2019 huko Funafuti, Tuvalu, visiwa vilivyo katika hatari ya kumezwa na maji vilivutana kwa saa nyingi na Australia juu ya maneno yanayohusu makaa ya mawe.

Ushauri wangu ni kutenganisha ngazi. Jukwaa pana, lenye majirani matajiri, lishughulikie usalama, maafa na misaada. Chombo chembamba, cha wenye mali pekee, kishughulikie mali. Ndivyo ilivyo Pasifiki, ambako nchi zenye jodari zina chombo chao ambacho Australia na Nyuzilandi hazimo.

Katika Bahari ya Hindi mambo yamekaa kwa namna nyingine. Tume ya Bahari ya Hindi ilianza na Madagaska, Morisi na Ushelisheli, ikapata mkataba wake mjini Victoria, Ushelisheli, mnamo Januari 1984, kisha mwaka 1986 ikawapokea Komoro na Ufaransa, ambayo imo kwa niaba ya kisiwa chake cha Réunion. Komoro na Ufaransa wanagombania kisiwa cha Mayotte, Madagaska inadai visiwa vidogo vilivyotawanyika kwenye Mlango wa Msumbiji, na Morisi inadai kisiwa cha Tromelin. Wangesubiri migogoro hiyo iishe ndipo waketi, wasingeketi hadi leo. Kinachowezekana, na kinachofaa kuandikwa katika kila mkataba wa aina hii, ni kifungu kisemacho kwamba hakuna chochote ndani ya mkataba, wala kitendo chochote kitakachofanywa chini yake, kitakachohesabiwa kuwa ni kukubali au kukana dai la nchi yoyote juu ya ardhi au bahari. Kifungu hicho kifupi hufungua milango mingi.

Mfano mzuri zaidi wa ujirani mwema katika bahari hiyo ni ule wa Morisi na Ushelisheli juu ya Tambarare ya Mascarene, iliyo chini ya maji. Badala ya kwenda mahakamani kugawana, mwaka 2008 nchi hizo mbili ziliwasilisha kwa pamoja dai moja mbele ya tume ya Umoja wa Mataifa inayohusika na mipaka ya rafu ya bara, yaani sakafu ya bahari inayoendelea kutoka nchi kavu. Dai likakubaliwa mwaka 2011, na Machi 2012 zikatia saini mikataba ya kusimamia pamoja eneo la kilomita za mraba zipatazo 396,000. Waandaaji waisome mikataba hiyo.

Kanuni ya kugawana: hapa ndipo kazi ilipo

Sehemu hii ni ndefu kuliko nyingine kwa makusudi, kwa kuwa jumuiya nyingi hufa kimyakimya kwa sababu hakuna aliyethubutu kuuliza mapema fulani anapata ngapi. Mfano ulio bora, kwa maoni yangu, ni wa jodari wa Pasifiki.

Hadi miaka ya 1970 meli za mataifa ya mbali zilikuwa zikivua jodari katika maji ya visiwa hivyo kwa malipo madogo sana. Hata baada ya sheria ya bahari kuwapa visiwa ukanda wa kiuchumi wa maili 200, mambo hayakubadilika sana, kwa kuwa kila nchi ilijadiliana peke yake, na meli iliyoombwa ada kubwa ilitishia kuhamia kwa jirani. Samaki hao huhama. Meli nayo huhama. Nchi pekee ndiyo haihami. Mwaka 1982 nchi zilizo katika eneo hilo la jodari zilitia saini Makubaliano ya Nauru, na wanachama wake leo ni nane: Shirikisho la Nchi za Mikronesia, Kiribati, Visiwa vya Marshall, Nauru, Palau, Papua New Guinea, Visiwa vya Solomon na Tuvalu. Kwa miaka mingi makubaliano hayo yalisaidia kuoanisha masharti ya leseni bila kubadilisha sana mapato. Kilichogeuza mambo ni utaratibu wa siku za uvuvi, ulioanza kutumika mwaka 2007 kwa meli kubwa zinazotumia nyavu za kuzungushia.

Utaratibu wenyewe ni huu. Kila mwaka wanachama hukubaliana jumla ya siku ambazo meli zote zitaruhusiwa kuvua katika maji yao. Siku hizo hugawanywa kwa nchi kwa kanuni inayozingatia uvuvi uliofanyika huko nyuma katika maji ya kila mmoja na wingi wa samaki waliomo. Kila nchi huuza siku zake kwa meli inazotaka, ila haiziuzi chini ya bei ya sakafu iliyokubaliwa na wote, bei ambayo ilipanda kutoka dola 5,000 za Marekani kwa siku hadi 8,000 mwaka 2015. Samaki wakihamia mashariki kwa sababu ya El Niño, yaani joto la bahari linalopanda miaka fulani, nchi ya magharibi iliyobakiwa na siku inaweza kumuuzia jirani yake. Tokelau, ingawa si mwanachama wa makubaliano ya awali, nayo imo katika utaratibu. Mapato ya pamoja, yaliyokuwa yapata dola milioni 60 mwaka 2010, yalikaribia dola milioni 500 katika miaka iliyofuata.

Mambo manne katika utaratibu huo yanaweza kuigwa na chombo chochote, hata kisichohusiana na samaki. Kanuni ya mgawo imefungwa kwa kipimo kinachohesabika, si kwa ukubwa wa nchi wala kelele za waziri. Bei ya sakafu inamwondolea mnunuzi silaha yake kuu, yaani kuwagombanisha wauzaji. Mgawo unaweza kuuzwa baina ya wanachama, hivyo bahati ya mwaka mmoja haigeuki kuwa kinyongo. Na data hukusanywa na wote: kila meli hufuatiliwa kwa setilaiti na huwa na mwangalizi ndani yake, kwa sababu mali bila daftari hupotea bila habari, na katika ubia upotevu huo huzaa tuhuma kabla haujazaa hasara.

Kuna na ujanja wa kisheria ambao wanasheria watauthamini. Kati ya maji ya nchi hizo kuna mifuko ya bahari kuu isiyo ya mtu, ambako meli zingeweza kujificha na kuvua bila kulipa. Visiwa havina mamlaka huko, kwa hiyo havikutunga sheria ya kuzuia. Viliweka tu sharti kwenye leseni kwamba anayetaka kuvua ndani ya maji yao asivue katika mifuko ile. Mwenye kukataa yuko huru kukataa, ila atakosa leseni. Hivyo ndivyo mnyonge mwenye kitu kinachotakiwa anavyoweza kufika mahali ambapo sheria yake haifiki.

Fedha za kuendesha ofisi

Michango ya wanachama itachelewa. Hili lichukuliwe kuwa ni hali ya hewa, si uhalifu. Njia iliyo salama ni kuhakikisha kwamba ofisi inalipwa kutokana na kazi inayoifanya, kwa mfano asilimia ndogo ya ununuzi wa pamoja au ada ya usajili wa meli, ili ofisi isiwe na haja ya kupiga hodi hazina kila robo mwaka. Wafadhili wa nje wanakaribishwa kwa miradi, lakini mishahara ya watendaji wakuu isitoke kwao, kwa kuwa anayelipa mpiga ngoma ndiye huchagua ngoma.

Mahakama inahitaji uangalifu wa pekee. Mahakama ya Haki ya Karibi, iliyozinduliwa mwaka 2005 huko Port of Spain, ilitengewa mfuko wa amana wa dola milioni 100 za Marekani, uliopatikana kwa mkopo kupitia Benki ya Maendeleo ya Karibi, na faida ya uwekezaji wa mfuko huo ndiyo inayogharimia mahakama. Kwa hiyo serikali iliyoshindwa kesi haiwezi kulipiza kisasi kwa kuzuia mchango. Mahakama hiyo ilipimwa mwaka 2013, ilipoamua kwamba raia wa Jamaika aliyenyimwa kuingia Barbados alikuwa na haki ya kuingia na kukaa kwa miezi sita kama wananchi wengine wa jumuiya, na serikali ikaamriwa imlipe fidia. Kuanzia siku ile ofisa wa uhamiaji katika kiwanja cha ndege alijua kwamba mkataba unamhusu.

Kuhusu utekelezaji kwa jumla, niseme kwa ufupi tu: kama kila uamuzi unahitaji kupitishwa upya na kila bunge, tegemeeni miaka. Mkataba uliorekebishwa wa nchi za mashariki ya Karibi wa mwaka 2010 ulikipa chombo cha juu cha jumuiya, cha wakuu wa serikali, uwezo wa kutunga sheria katika maeneo machache yaliyotajwa kwa majina, na uchache huo ndio uliowafanya wabunge wakubali.

Viti, zamu na makao

Mgogoro mkubwa wa hivi karibuni katika Pasifiki haukuhusu fedha wala samaki. Kulikuwa na mapatano ya kiungwana, yasiyoandikwa popote, kwamba cheo cha katibu mkuu wa Jukwaa la Visiwa vya Pasifiki kingezunguka baina ya kanda ndogo tatu, Melanesia, Polinesia na Mikronesia. Februari 2021 zamu ilikuwa ya Mikronesia kwa hesabu zao, lakini kura zikaenda kwa Henry Puna wa Visiwa vya Cook, vilivyo Polinesia, kwa tisa dhidi ya nane. Nchi tano za Mikronesia zikatangaza kujitoa. Mazungumzo yalichukua zaidi ya mwaka, na makubaliano ya Suva ya Juni 2022 yakaandika zamu hiyo waziwazi, yakaongeza naibu makatibu wakuu na kupeleka baadhi ya ofisi Mikronesia. Kiribati ilijitoa hata hivyo mwezi uliofuata, ikarudi mapema mwaka 2023. Mwaka 2024 Baron Waqa wa Nauru, iliyo Mikronesia, alishika cheo hicho.

Basi zamu iandikwe ndani ya mkataba, pamoja na jibu la swali dogo ambalo huwa halijibiwi: itakuwaje kama mgombea wa kanda yenye zamu hakubaliki kwa wengine? Jibu linalofaa ni kuitaka kanda hiyohiyo ilete jina jingine, mara mbili ikibidi, bila zamu kuhama. Na makao yasirundikwe mahali pamoja. Pasifiki ina sekretarieti ya jukwaa Suva, wakala wa uvuvi Honiara tangu mwaka 1979, ofisi ya mazingira Apia na ofisi ya jodari Majuro. Wapo wanaolalamika kwamba mtawanyiko huo unaongeza nauli, na ni kweli unaongeza. Lakini mji mdogo wenye ofisi ya kanda una watu waliopata kazi humo, na watu hao ni watetezi wa ushirikiano wasiolipwa na mtu.

Upigaji kura uwe njia ya mwisho. Visiwa vina desturi ya kuzungumza hadi muafaka upatikane, na desturi hiyo inafaa kulindwa, mradi iwekewe muda: baada ya vikao viwili bila muafaka, masuala ya kawaida yaamuliwe kwa theluthi mbili, na yale ya mipaka, uanachama na mgawo yabaki kwa muafaka wa wote.

Bima ya maafa

Kimbunga Ivan kilipoipiga Grenada mwaka 2004, hasara ilikadiriwa kuwa karibu mara mbili ya pato la nchi kwa mwaka. Hakuna hazina ya kisiwa inayoweza kuweka akiba ya kiasi hicho, na hakuna kampuni inayopenda kumkatia bima mteja mmoja anayeweza kuangamia wote kwa siku moja. Mwaka 2007 nchi za Karibi zilianzisha mfuko wa pamoja wa bima, ambao hununua bima mtawanyo, yaani bima ya kuukinga mfuko wenyewe, katika masoko ya kimataifa kwa niaba ya wote. Mfuko haungoji wakaguzi wahesabu mapaa yaliyoezuliwa. Hulipa kwa kutazama nguvu ya upepo, mtikisiko au mvua iliyopimwa, na fedha hufika ndani ya siku kumi na nne. Pasifiki iliiga mpango huo, na Tonga ikawa ya kwanza kulipwa, dola milioni 1.27, baada ya Kimbunga Ian cha Januari 2014.

Wananchi waambiwe mapema upande wa pili wa mpango huu. Kwa kuwa malipo hufuata kipimo badala ya hasara, yapo maafa ambayo yataumiza watu sana bila kufikia kiwango cha kulipwa, na serikali isiyolieleza jambo hilo kabla ya dhoruba italieleza baadaye mbele ya umati wenye hasira. Aidha, fedha hizo ni za siku za mwanzo, za kulipa mishahara, kusafisha barabara na kuwasha umeme. Hazitoshi kujenga upya.

Kusema nje kwa sauti moja

Umoja wa Nchi za Visiwa Vidogo, ulioundwa mwaka 1990 na ambao sasa una wanachama 39, hauna jengo kubwa wala jeshi la watumishi. Nguvu yake imetokana na kazi mbili zinazoweza kufanywa na ujumbe mdogo kabisa. Ya kwanza ni kugawana mafaili: nchi moja hubeba suala la fedha, nyingine misitu, nyingine hasara na uharibifu unaoletwa na mabadiliko ya tabianchi, na kila mmoja humsemea mwenzake katika vyumba ambavyo mjumbe wake pekee hawezi kuvifikia kwa wakati mmoja. Ya pili ni kuwahi kuleta maandishi. Rasimu ya kwanza ya itifaki ya kupunguza hewa chafu, miaka mitatu kabla ya Itifaki ya Kyoto ya mwaka 1997, ililetwa na umoja huo mwaka 1994. Mwenye rasimu mezani huwalazimisha wengine kujadili maneno yake.

Penye mwamba wa kisiasa, pitieni mahakamani. Mwaka 2021 Antigua na Barbuda pamoja na Tuvalu waliunda kamisheni ndogo ambayo, kwa mujibu wa mkataba wake, ingeweza kuiomba Mahakama ya Kimataifa ya Sheria ya Bahari itoe maoni ya ushauri. Tarehe 21 Mei 2024 mahakama hiyo ilisema kwamba gesi joto zinazotokana na shughuli za binadamu ni uchafuzi wa bahari, na kwamba nchi zina wajibu wa kuuzuia. Vanuatu nayo iliongoza azimio la Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa la Machi 2023, lililozaa maoni ya Mahakama ya Kimataifa ya Haki ya tarehe 23 Julai 2025 kuhusu wajibu wa nchi juu ya tabianchi. Gharama ya mkataba wenye kurasa chache na wanasheria wachache ni ndogo ikilinganishwa na miaka ya mikutano.

Kifungu cha kuondoka, na cha kurudi

Rasimu nyingi huandika mlango wa kutokea na kusahau wa kurudia. Notisi ya kujitoa iwe ya mwaka mmoja, ili ofisi ipate muda wa kupanga bajeti na hasira zipate muda wa kupoa. Madeni ya anayeondoka yabaki kuwa madeni. Data aliyoichangia isifutwe, na raia wake walioajiriwa na chombo wamalize mikataba yao. Kisha iandikwe kwamba serikali iliyojitoa inaweza kurudi kwa barua moja kwa nchi inayotunza mkataba, bila kuombewa kura na bila kuridhiwa upya na wanachama wengine, na kwamba katika miaka mitano tangu ilipoondoka mgawo wake hautagawiwa mwingine.

Kusimamishwa ni jambo tofauti, nalo lihitaji sababu zilizotajwa. Fiji ilisimamishwa katika jukwaa la Pasifiki mwaka 2009, baada ya serikali iliyotokana na mapinduzi ya mwaka 2006 kukataa kuitisha uchaguzi kwa tarehe iliyotakiwa, na mwaka 2013 ikaanzisha jukwaa lake jingine hapohapo Suva, mji ulio na sekretarieti ya lile lililoisimamisha. Ilirudishwa mwaka 2014 baada ya uchaguzi. Kwa hiyo kifungu cha kusimamisha kiseme ni vikao gani mwanachama atakosa na vipi hatakosa, na kivitaje kwa majina vikao vya afya, uvuvi, hali ya hewa na maafa kuwa ni vile ambavyo mjumbe wake ataendelea kuketi.